Jibini ya Korosho: Adui Yake ni Maji

Mabibi na mabwana, karibuni. Tuanze na kosa linalofanyika hata kabla ya blenda kuwashwa: kudhani korosho huganda kama maziwa. Maziwa huganda kuwa jibini kwa sababu yana protini iitwayo kaseini. Yakitiwa rineti, yaani kimeng'enya cha kugandishia maziwa, kaseini hushikana ikawa bonge na maji yakajitenga. Korosho haina kaseini. Ukiikamulia limau haigandi, inachachuka tu. Uzito wa jibini hii unatokana na mafuta na wanga wa korosho yenyewe, kwa hiyo maji yote mtakayotia leo, kesho mtahangaika kuyatoa.

Pimeni gramu 250 za korosho mbichi, zisizokaangwa wala kutiwa chumvi. Vipande vilivyovunjika vinafaa sawa na nzima, maana vyote vinakwenda kusagwa. Lozi nazo hutumika, lakini sharti zimenywe, na hata hivyo chembechembe zake utazisikia ulimini.

Zichemsheni dakika 5, mwage maji hayo, kisha mziloweke katika maji safi ndani ya friji kwa saa 6 hadi 8. Hapo kwenye kuchemsha nawasihi msiruke. Korosho mbichi zinaweza kubeba salmonela, bakteria wanaoharisha, na joto la chumba tutakaloziwekea baadaye ndilo vijidudu hivyo hulipenda. Mwaka 2014, huko Marekani, jibini ya korosho mbichi ilihusishwa na mlipuko wa salmonela. Zikishalainika hadi zinavunjika kwa kubanwa na vidole, zichujeni na mzikaushe juu ya kitambaa safi.

Sasa blenda. Anzeni na mililita 80 za maji, si zaidi. Sagieni kwa vituo, mkikwangua kuta kila mara, kwa dakika 4 au 5. Ikikwama, ongezeni kijiko kimoja kimoja cha chakula, na msivuke mililita 120. Mwenye haraka humimina kikombe kizima, blenda ikazunguka vizuri sana, na mwisho akapata mchuzi. Chukueni kidogo mkisugue kati ya vidole: mkihisi mchanga, endeleeni kusaga.

Uchachu unaweza kutoka kwenye limau, vijiko 2 vya chakula, ukala siku hiyo hiyo. Ladha yenyewe ya jibini, lakini, huletwa na bakteria. Fungueni kapsuli 2 za probiotiki, yaani bakteria wenye manufaa, zenye laktobasili, wale wanaochachusha maziwa, mchanganye unga wake na ujiuji. Someni kwanza lebo, kwani baadhi ya kapsuli zina chembe za maziwa, na mtu mwenye mzio wa maziwa atadhurika na kitu alichodhani ni salama. Ujiuji uwe umepoa: blenda ikizunguka muda mrefu hupasha moto, na bakteria hawa hufa kwenye joto kali. Chumvi isubiri, maana huwapunguza kasi.

Fungeni ujiuji ndani ya kitambaa, uwekeni kwenye chujio juu ya bakuli, na juu yake mzigo wa nusu kilo. Mzigo ukizidi, korosho zitapenya kwenye kitambaa badala ya maji. Kwenye nyuzi 22 hadi 26 za selsiasi huhitaji saa 24 hadi 36. Chumba kikiwa na joto zaidi, anzeni kuonja saa ya 12. Harufu nzuri ni kama ya maziwa mgando, na ndani mtaona vitundu vidogo. Mkiona rangi ya waridi, ya chungwa au nyeusi, au manyoya, tupeni yote. Msikwangue juu mkala chini. Kwenye kitu laini ukungu huwa umeshazama.

Ndipo mtie gramu 4 za chumvi na kuifinyanga. Friji kwa usiku mmoja itaikaza.

Anayetaka jibini ya kukata vipande achemshe vijiko 2 vya chai vya unga wa aga, kigandishi kitokanacho na mwani, katika mililita 150 za maji kwa dakika 2, akikoroga, kisha auchanganye haraka na korosho zenye uvuguvugu. Zikiwa baridi, aga itaganda mabonge kabla haijaenea. Ila hiyo haitavutika juu ya piza. Ya kuvutika inataka wanga wa muhogo: vijiko 3 vya chakula katika ujiuji mwepesi, upikwe hadi unyooke kama gundi.

Ikae kwenye friji siku 5 hadi 7, ndani ya chombo chenye lebo inayotaja korosho, kwa ajili ya wenye mzio wa karanga za miti, kama korosho na lozi.