Aliyeshika Penseli Naye Alitunga: Habari za Jack Kirby

Mwenyekiti, ndugu zangu, asanteni. Wanaonifahamu walishajua leo nitamsema nani, na nimewaona wawili watatu wakitazamana nilipoinuka. Vumilieni. Ni Kirby tena, yule mchoraji wa vitabu vya katuni wa Marekani.

Sitarudia habari za shujaa wa katuni Captain America kumtwanga Hitler ngumi ya taya. Jalada lile mmeliona. Kumbukeni tu kwamba liliingia madukani mwishoni mwa 1940, mwaka mzima kabla Marekani haijaingia vitani. Aliyelichora ni huyu huyu Kirby, kijana wa Kiyahudi wa Lower East Side, New York, aliyezaliwa kwa jina la Jacob Kurtzberg; baadaye naye alivishwa gwanda akapelekwa Ufaransa, na baridi ya huko nusura imkoseshe miguu. Tuyaache hayo.

Kinachonileta hapa ni ile kauli kwamba mwandishi Stan Lee alitunga, Kirby akachora. Kila nikiisikia damu inanichemka. Hivi mnajua kazi ilivyokwenda pale Marvel, kampuni yao ya vitabu vya katuni, miaka ya 1960? Kwa kawaida hapakuwa na mswada kamili. Wawili hao walizungumza kidogo, kisha Kirby akateremka kwenye chumba cha chini cha nyumba yake, Long Island, akainamia ubao. Nani anaingia, nani anaanguka, pigano linaanzia ukurasa gani, mhusika anakunja uso au anageuza mgongo: hayo aliyapanga yeye, kwa penseli. Pembezoni mwa ukurasa akaandika kwa mkono wake kinachotokea, ili Lee akiupokea ajue pa kuweka maneno. Mtu huyo hajatunga?

Chukueni mwaka 1966. Waliafikiana kuhusu Galactus, jitu linalokula sayari. Kurasa ziliporudi, Lee akakuta humo mtu wa rangi ya fedha, mwili mzima unang'aa, kasimama juu ya ubao wa kuteleza kwenye mawimbi, anakata anga katikati ya nyota. Akauliza, huyu nani? Hawakuwa wamemtaja hata kidogo. Kirby akamweleza kwamba mkubwa kama Galactus lazima awe na mpiga mbiu wa kumtangulia. Ndipo alipozaliwa Silver Surfer. Na ule ubao je? Kirby alikuwa amechoka kuchora vyombo vya angani, basi! Msidhani haya ni maneno ya mashabiki wake. Kisa hiki Lee mwenyewe alikisimulia, tena kwa kucheka.

Najua kuna atakayesema ni maneno ya Lee yaliyompa Surfer ule uchungu wake, yale mahubiri yake. Kweli, nampa haki yake. Lee alikuwa na ulimi, na kuuza alijua. Lakini aliyekoleza chumvi asijiite mpishi peke yake. Tena Lee alikuwa mhariri, mtu wa mshahara. Kirby alilipwa kwa ukurasa. Akiugua asichore, hali.

"Si alikubali mwenyewe?" Nilikuwa nalisubiri hilo. Wachoraji wa enzi hizo wamesimulia jinsi nyuma ya hundi kulivyokuwa na maneno ya kuhamisha haki zote. Ukitaka pesa yako, saini. Ukisaini, umeshatoa na haki. Una watoto wanne nyumbani, utaanza kubishana dirishani benki?

Na ngojeni, halijaisha. Miaka ya 1980 Marvel ikaanza kuwarudishia wachoraji kurasa zao za asili. Wenzake walipewa fomu ya ukurasa mmoja. Kirby akapewa ya kurasa nne, imejaa masharti, na alichoahidiwa akisaini ni kurasa 88. Themanini na nane, kwa mtu aliyewachorea maelfu! Akakataa. Wachoraji wenzake wakapiga kelele hadharani, na mwaka 1987 akapata kama 1,900. Nyingine zilishapotea au kuibiwa.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Haya. Nilikuwa na sehemu nzima juu ya katuni za mapenzi alizoanzisha na mwenzake Joe Simon mwaka 1947, naiacha. Kuhamia kwake DC, kampuni shindani, mwaka 1970, na wahusika aliowatunga huko, Darkseid na miungu wake wapya, kasomeni wenyewe. Black Panther ni kazi yake na Lee pia, ya 1966 hiyo hiyo. Mliojaza majumba ya sinema mwaka 2018 kumtazama Lupita wetu mlikuwa ndani ya nchi ambayo Kirby aliichora kwa malipo ya ukurasa.

Alifariki 1994. Watoto wake walidai haki za wahusika hao, wakashindwa mahakamani 2011, wakashindwa tena kwenye rufaa 2013. Mwaka uliofuata, siku chache kabla majaji wa Mahakama ya Juu hawajakaa kuamua kama wataisikiliza kesi, pande mbili zikapatana. Tangu hapo jina la Kirby linasimama kando ya la Lee kwenye vitabu vile. Masharti ya mapatano ni siri, kwa hiyo wakati wa maswali msiniulize familia ililipwa ngapi.