Majeruhi wa ajali ya barabarani: kuweka misimbo ya ICD-10 hatua kwa hatua

Karibuni. Video hii ni ya wenzetu wa kitengo cha kumbukumbu za afya, hasa mnaopokea mafaili ya ajali za barabara ya Segera, Muheza, Pangani na Horohoro, mafaili ambayo mengi huishia Bombo, hospitali ya rufaa ya mkoa wa Tanga. Tunatumia ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani, yaani orodha ya kimataifa ya misimbo ya magonjwa na majeraha. Kabla ya kuanza, weka mezani vitu vitatu: faili lenye maelezo ya daktari, PF3 ya mgonjwa (ile fomu ya polisi ya majeruhi), na kitabu cha ICD au programu yake.

Tahadhari moja mapema, maana imeharibu madai mengi ya bima. Ukitafuta msimbo mtandaoni, mara nyingi utaletewa wa Marekani, kama S82.201A. Wamarekani wana toleo lao lenye tarakimu na herufi za ziada, hadi saba kwa jumla. Ukiona msimbo unaishia na A, D au S, au una X katikati, achana nao.

Tufungue faili la mfano. Abiria wa bodaboda, mwanamke, amegongwa na Hiace ya daladala karibu na Mkanyageni. Daktari ameandika: mfupa wa muundi wa kulia umevunjika katikati, kuna kidonda wazi kinachofika kwenye mfupa, na ule mwembamba wa pembeni yake umevunjika pia, mtikisiko wa ubongo, michubuko ya mkono chini ya kiwiko.

Hatua ya kwanza ni majeraha, yaliyo sura ya 19, herufi S na T. Herufi S imepangwa kuanzia kichwani kushuka: S00 hadi S09 ni kichwa, S20 hadi S29 kifua, S70 hadi S79 nyonga na paja, S80 hadi S89 goti na mguu chini yake. Muundi uko S82, na katikati ya mfupa ni S82.2. Sasa ongeza tarakimu ya tano: 0 kama mvunjiko umefunga, yaani hakuna kidonda kinachofika kwenye mfupa, 1 kama uko wazi. Huyu anapata S82.21. Daktari asipotaja kama uko wazi, sheria inasema uhesabu umefunga. Lakini kwanza soma karatasi ya upasuaji. Mara nyingi daktari wa mapokezi ameandika "mguu umevunjika" basi, na habari ya kidonda iko kwa waliomsafisha mgonjwa chumba cha upasuaji.

Ule mfupa mwembamba usiupe S82.4. S82.2 imeshaubeba, kwa sababu maelezo yake yanasema "pamoja na au bila" mfupa huo kuvunjika. S82.4 ni pale ulipovunjika peke yake. Ukiweka yote miwili, ripoti itaonyesha mivunjiko ambayo haikuwepo.

Mtikisiko wa ubongo ni S06.0, na michubuko ya mkono chini ya kiwiko ni S50.8. Upande wa kulia au kushoto hauingii kwenye msimbo wa toleo letu, kwa hiyo uandike kwa maneno. Upi uwe wa kwanza? Ni ule uliohitaji matibabu makubwa zaidi kadiri ya maelezo ya daktari, na hapa ni S82.21. Lakini fuvu likivunjika na ubongo nao ukaumia, jeraha la ubongo hutangulia. Jeraha la kiungo cha ndani vilevile hutangulia michubuko na vidonda vya juu. T07, "majeraha mengi yasiyotajwa", ibaki kwa faili lisilo na maelezo kabisa. Ni rahisi kuiandika saa kumi jioni rundo likiwa bado kubwa, ila haimwambii mtu yeyote chochote.

Hatua ya pili ni sababu ya ajali, sura ya 20, na hapa ndipo wengi wanateleza. Msimbo wa V hauanzi na gari lililogonga. Unaanza na mgonjwa: alikuwa nani barabarani? Mtembea kwa miguu ni V01 hadi V09, baiskeli V10 hadi V19, pikipiki V20 hadi V29, bajaji V30 hadi V39, gari dogo V40 hadi V49, pikapu na kirikuu V50 hadi V59, lori V60 hadi V69, basi V70 hadi V79. Utingo aliyegongwa akibadilisha tairi kando ya barabara ni mtembea kwa miguu, hata kama lori ni lake.

Mgonjwa wetu alikuwa kwenye pikipiki, kwa hiyo tuko V20 hadi V29. Tarakimu inayofuata inasema aligongana na nini: V22 ni pikipiki nyingine au bajaji, V23 gari dogo au pikapu, V24 lori au basi, V27 kitu kisichotembea kama mwembe au nguzo, V28 ni kuteleza au kupinduka bila kugongana. Hiace inaingia wapi? Kipimo ni watu: gari lililotengenezwa kubeba hadi kumi ni gari dogo, zaidi ya hapo, likiwa na leseni maalumu ya udereva, ni basi. Daladala ya Hiace inapita kumi. Ni V24.

Tarakimu ya nne kwa pikipiki na baiskeli: .4 dereva, .5 abiria, .3 aliyekuwa akipanda au kushuka. Jibu ni V24.5. Kwa bajaji, magari na mabasi tarakimu hubadilika: dereva ni .5, abiria .6, aliyening'inia nje .7, anayepanda au kushuka .4. Konda aliyesimama kwenye ngazi mlangoni ni .7. Aliyekaa juu ya mzigo ndani ya bodi ya fuso ni abiria, kwa sababu sehemu ya mizigo haihesabiwi kuwa nje.

Hizo ni za barabara ya umma. Pikipiki ikianguka kwenye njia ya ndani ya shamba la mkonge, si ajali ya barabara ya umma, na dereva anapata .0, abiria .1. Mahali pasipotajwa, chukulia ni barabara ya umma.

PF3 ikisema tu "ajali ya gari", usikimbilie V89.2, ambayo ni ajali ya gari isiyo na maelezo. Muulize mgonjwa au ndugu yake wodini maswali mawili: ulikuwa umepanda nini, na kimekugonga nini? Akifariki, V24.5 ndiyo itakuwa sababu ya msingi ya kifo, wala si mvunjiko.

Mwisho, mgonjwa anayerudi baada ya mwaka au zaidi, mfupa ukiwa umeunga vibaya: tanguliza M84.0 (mfupa kuunga vibaya), fuatisha T93.2 (madhara ya baadaye ya mvunjiko wa mguu), kisha Y85.0 (madhara ya baadaye ya ajali ya gari). Usirudie S82.21, maana ajali ile ile itahesabiwa mara ya pili.