Deni la Laki Tatu na Nyumba ya Familia

Akina mama wa Mbagala, na akina baba mliokaa kule nyuma, asanteni kwa kufika.

Mtu anatafuta laki tatu za ada ya mtoto. Mkopeshaji wa kausha damu, yaani mikopo ya mtaani ya riba kubwa, anampa siku hiyohiyo, riba asilimia 30 kwa mwezi. Kisha anamwekea mezani karatasi mbili. Ya kwanza ni ya mkopo. Ya pili inasomeka "Mkataba wa Mauziano ya Nyumba", pa tarehe pako wazi. "Huu ni utaratibu tu, mama, weka dole gumba hapa." Anaweka. Riba peke yake ni elfu 90 kila mwezi. Miezi minne ameshatoa 360,000, na laki tatu ziko palepale. Akikwama wa tano, ile karatasi inajazwa tarehe.

Mimi jambo hili linaniuma, kwa sababu sheria ilikuwa upande wake. Kifungu cha 48 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kinakataza kukamata nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake ili kulipia hukumu ya deni la kawaida, liwe la friji au la kikoba. Kinga hiyo unaivua mwenyewe ukiiweka nyumba rehani. Na rehani nayo ina masharti yake: Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka mwenza aridhie ikiwa ni nyumba ya ndoa, na mdaiwa apewe notisi ya siku 60 kabla nyumba yake haijauzwa. Mkopeshaji anapenda mauziano ya bandia kwa sababu anayaruka yote hayo. Msisaini. Hata kama mtoto amerudishwa nyumbani, msisaini.

Ninyi mnaotaka kukopa benki mjenge, jueni benki zinapeleka taarifa za wakopaji kwenye taasisi za kumbukumbu zenye leseni ya Benki Kuu. Mkopo wa simu uliouacha ukatupa na laini unaweza kukutangulia dirishani. Mtumishi wa umma naye, theluthi moja ya mshahara haiguswi na makato ya mikopo. Makato ya makochi na televisheni yakishajaza nafasi iliyobaki, makato ya mkopo wa nyumba yatatoka wapi?

Ukimaliza deni, dai barua ya kumaliza deni, na dai urudishiwe kila karatasi uliyosaini.

Haya, maswali. Mama mwenye kitenge cha njano, umenyoosha mkono muda mrefu, karibu.