Yoshida hakufanya muujiza wowote

Asanteni, kaeni jamani. Mwenyekiti kanikaribisha kwa kusema nitawaelezea muujiza wa Final Fantasy 14, ile gemu ya mtandaoni ya maelfu ya watu iliyoanguka ikafufuliwa, na nyie mnaonijua mmeshaanza kucheka kwa sababu mnajua nitakataa. Nakataa. Hakuna muujiza pale. Kuna mtu alipewa gemu iliyooza akakaa chini akaulizia imeoza kwa nini, basi.

Naoki Yoshida, Yoshi-P kwa mashabiki, historia yake ya mwanzo siikalii sana. Mtoto wa Hokkaido, kaanzia kazi Hudson, wale wa Bomberman, katikati ya miaka ya 2000 kaingia Square Enix, kampuni ya Japani yenye Final Fantasy, 2007 ikatoka Dragon Quest Monster Battle Road, ile ya mashine za kutumbukiza sarafu, yeye ndo dairekta. Mengine mtasoma wenyewe. Mimi nataka Disemba 2010.

FF14 ilitoka Septemba 30, 2010 na ilitoka mbovu, yani sio ubovu wa kuvumilia, menyu zinakwama, ardhi imekopiwa mwamba ule ule kilometa na kilometa, ukishaingia huna la kufanya. Kampuni ikawa inasogeza mbele tu siku ya kuanza kudai ada ya mwezi, maana ungemdai nani? Disemba bosi mkuu wa kampuni, Yoichi Wada, akaomba radhi hadharani, toleo la PS3 likawekwa pembeni, Hiromichi Tanaka akaachia uprodyuza, akakabidhiwa Yoshida. Na akachukua uprodyuza na udairekta vyote viwili, ili maamuzi yasizunguke ofisi kwa ofisi.

Sasa chungu cha maua. Najua, najua, mmeshanisikia nacho. Mtanisikia tena.

Machi 2014 kule San Francisco, kwenye mkutano wa watengenezaji wa gemu, Yoshida alisimama mbele ya watu wa fani yake akaeleza gemu ile ilikufaje. Akatoa mfano wa chungu cha maua. Chungu tu, kimewekwa pembeni, hakuna anayekiangalia, lakini kilikuwa na poligoni, vile vipande vidogo vinavyounda umbo kwenye skrini, karibu sawa na mhusika unayemchezesha, mtu mzima mwenye uso na nywele na silaha! Na juu yake mistari kibao ya kodi ya shader, ile inayoiambia kompyuta ipake vipi rangi na mwanga. Halafu wanashangaa kwa nini wachezaji wakijikusanya sehemu moja kompyuta inaomba kufa. Ni mlango wa nakshi wa Zanzibar umepachikwa kwenye choo cha nje wakati nyumba yenyewe haijaezekwa.

Na hapa ndo huwa nabishana na watu. Mtu ataniambia, mwalimu, hilo ni kosa la yule msanii aliyechora chungu. Hapana bwana! Msanii alifanya alichoambiwa, na pengine alikaa usiku kucha akafanya vizuri. Aliyekosa ni yule ambaye hakusema chungu kiishie wapi. Square miaka yote walikuwa wanajivunia picha, gemu zao zinauzika kwa uzuri wa kuangalia, na kwenye gemu ya mtu mmoja sebuleni hiyo inakubeba, unajua kamera itasimama wapi. Kwenye gemu ya maelfu ya watu mtandaoni hujui nani atasimama wapi na wenzake wangapi. Kwa hiyo kile kile kilichowapa jina ndicho kilichowaangusha, na hakuna mtu ndani aliyekuwa na ubavu wa kusema chungu kipunguzwe.

Yoshida alitaja na makosa mengine mawili. La kwanza, timu haikuzijua gemu za mtandaoni za wakati ule. Dawa yake? Kachezeni World of Warcraft. Gemu ya mshindani, Wamarekani, na prodyuza anawaambia watu wake wakacheze. Kuna kijana aliniambia huo ni wizi. Wizi gani sasa, utashindana vipi na duka ambalo hujawahi kuingia? La pili ni ile imani kwamba tutoe tu, tutarekebisha kwa apdeti. Hilo sisemi kitu, naona kuna watu wameinamia simu.

Haya. Kazi yenyewe sasa, na hii ndo ngumu. Aliamua kutengeneza gemu mpya tokea sifuri, injini mpya, yani programu inayoiendesha gemu, seva mpya, na wakati huo huo ile ya zamani iendelee kupewa apdeti kila baada ya muda. Timu ile ile. Mpango wakautangaza Oktoba 2011. Mtu wa mahesabu angesema zima hiyo takataka okoa pesa, lakini ndani ya takataka kulikuwa na watu, na ukiwafungia mlango leo kesho kwenye hiyo mpya utamwita nani? Akawa anaandika barua kwa wachezaji, baadae akawa anakaa mbele ya kamera laivu anajibu maswali. Januari 2012 wakaanza kudai ada, kwa gemu ambayo imeshatangazwa itazimwa, na watu wakalipa! Waliolipa miezi mitatu wakapewa punguzo la ada la kudumu na majina yao yakaandikwa mwishoni mwa gemu mpya. Nyie ambao mnaita wateja "trafiki" mnisikie vizuri hapo.

Na kuizima wameizima kwa hadithi. Angani mwezi mwekundu, Dalamud, kila apdeti unazidi kusogea, na Novemba 11, 2012 ukapasuka, joka Bahamut akatoka akaichoma dunia ya gemu, seva zikafungwa. Ile gemu mpya, A Realm Reborn, ikatoka Agosti 27, 2013.

Kuna wa kuniambia Square Enix walikuwa na hela. Ndio walikuwa nazo. Na 2010 walikuwa nazo, ziliwasaidia nini? Zilinunua chungu!

Saa imeenda, nakimbia. Msidhani baada ya hapo ni mteremko. 2013 seva zikazidiwa wakasimamisha kuuza kwa njia ya mtandao. Disemba 2021, ilipotoka Endwalker, nyongeza ya gemu hiyo hiyo, kitu kile kile, foleni ya masaa, seva za kununua hakuna kwa sababu ya uhaba wa chipu dunia nzima, wakasitisha mauzo tena, wakawapa watu siku za bure. Mafanikio na yenyewe yana adha yake. Na seva hizo zipo Japani, Amerika Kaskazini, Ulaya na Oseania, Afrika hakuna, ukicheza toka Dar unazungukia Ulaya, kwa hiyo kabla hujamlaumu bosi wa mwisho, yule adui mkubwa wa gemu, kakuua ulaumu kwanza njia.

FF16, yani Final Fantasy 16 ya 2023, naye Yoshida ndo prodyuza, na studio anayoiongoza, Creative Studio 3, nilikuwa na karatasi nzima hapa, naiacha. Dawntrail, nyongeza iliyofuata Endwalker, naiacha pia, tutagombana. Haya maswali, na kaka wa shati la bluu ulionyoosha mkono, swali tafadhali, sio mhadhara wa pili.