Leseni ya Lori Inavuka Mpaka, Kibali cha Bastola Hakivuki

Mhadhara uliotolewa kwa madereva na wafanyabiashara wanaozungumza Kiswahili, Columbus, Ohio

Habari za jioni, ndugu zangu. Wazee shikamooni. Kabla sijaanza nina ombi moja. Tumo kwenye ukumbi wa kanisa. Kwa sheria ya Ohio, nyumba ya ibada, iwe kanisa, msikiti au sinagogi, huingii na bastola uliyoificha mwilini mpaka wenye nyumba wawe wameruhusu. Wenyeji wetu hawajaruhusu. Kama kuna aliyekuja nayo kiunoni au ndani ya mkoba, naomba atoke taratibu akaifungie garini. Tutamsubiri, na hakuna atakayemtazama vibaya.

Asanteni. Waliotoka wamerudi, na nawashukuru kwa dhati. Ninawafahamu, ni watu wa familia na wachapa kazi. Waliambiwa kwamba Ohio siku hizi haihitaji kibali, wakaishia hapo. Hicho ndicho kilichonitoa nyumbani jioni hii.

Mimi niliendesha trela miaka 11. Sasa nafundisha darasa la muda wa saa nane ambalo sherifu analitaka kabla ya kukupa kibali. Wanafunzi wangu wengi ni ninyi: madereva wa masafa marefu, wenye maduka, akina mama wanaotoka zamu ya usiku hospitalini. Sijaja kumshawishi mtu anunue bastola, wala sijaja kumzuia. Nimekuja kwa sababu nimeona watu wetu wakiingia matatani wakiamini kabisa kwamba wako ndani ya sheria.

Kosa letu lina asili yake. Ukipata leseni ya kuendesha trela hapa Columbus, ukifika California askari anaisoma na kukurudishia. Cheti cha ndoa ni hivyohivyo. Na huko tulikotoka tumezoea serikali moja: mtu aliyemilikishwa silaha Dar es Salaam hakutani na sheria nyingine akifika Mwanza, na ya Nairobi haibadiliki ukishuka Mombasa. Kwa hiyo tunafika hapa na fikra kwamba kibali ni mali yako, unatembea nacho kama kitambulisho. Hapana. Kibali cha bastola ni cha jimbo. Jimbo la pili linakitambua likipenda, na lisipopenda, wewe ni mtu asiye na kibali.

Tuchukue safari ambayo nusu yenu mnaijua hata mkifumba macho. Unatoka Columbus asubuhi, unashika barabara ya 70 kuelekea mashariki. Bastola iko chini ya mto kwenye kitanda cha kabini, ina risasi. Tangu tarehe 13 Juni 2022, mtu mwenye umri wa miaka 21 au zaidi, ambaye sheria haijamkataza kumiliki silaha, anaweza kuibeba kwa siri Ohio bila kibali. Uko salama. Unavuka mto Ohio, unaingia Wheeling. West Virginia nayo iliondoa sharti la kibali mwaka 2016. Bado uko salama. Lakini ile West Virginia unayoipita ni maili 14 tu. Hujamaliza hata kikombe cha kahawa, bango linakukaribisha Pennsylvania.

Hapo ndipo watu wetu wanapoangukia. Pennsylvania bado inataka kibali kwa bastola iliyofichwa mwilini au iliyo ndani ya gari. Kibali cha Ohio inakitambua. Lakini wewe hukukichukua, kwa sababu shemeji alikwambia, "Cha nini? Sheria imefutwa." Bastola ni ileile na mto ni uleule uliolalia jana, ila kwa sheria ya hapo wewe sasa ni mkosaji. Kwa hiyo nikiulizwa kama kibali cha Ohio bado kina maana, jibu langu ni kwamba maana yake kubwa iko nje ya Ohio. Hata ndani ya Ohio kinakusaidia, maana ipo sheria ya taifa zima inayokataza bastola ndani ya futi 1,000 kutoka shule, na inamwondolea zuio hilo mtu mwenye kibali cha jimbo ambamo shule hiyo iko. Futi 1,000 ni kama mita 300. Hesabu mwenyewe ni shule ngapi unazipita kwa umbali huo kila siku.

Sasa endelea mashariki. Unavuka mto Delaware, umeingia New Jersey. New Jersey haitambui kibali cha jimbo lolote lingine. Cha Ohio, cha Texas, cha Florida, vyote kwao ni karatasi.

Mwezi Oktoba 2013 mama mmoja wa Philadelphia, analea watoto wawili peke yake, alisimamishwa New Jersey kwa kosa dogo la kubadilisha njia barabarani. Alikuwa na kibali halali cha Pennsylvania. Alimwambia askari mwenyewe, kwa uaminifu, kwamba ana bastola na ana kibali. Akakamatwa. Kosa la kuwa na bastola bila kibali cha New Jersey lina kifungo cha miaka 5 hadi 10, na miaka mitatu na nusu ya kwanza lazima uikae ndani. Kesi ilifika magazetini nchi nzima ndipo mambo yakalegezwa, na Aprili 2015 gavana Chris Christie akampa msamaha. Nataka mlitazame jambo hili kwa makini. Yule mama ni raia, Kiingereza ni lugha yake, anaishi karibu tu na ule mto, na bado alidhani kibali chake kinavuka. Sisi tuliofika juzi je?

Kuna wanaosema, "Lakini kuna sheria ya taifa inayomlinda msafiri." Ipo, ya mwaka 1986. Isomeni yote. Inakulinda ukitoka mahali ambapo unaruhusiwa kuwa na silaha ukienda mahali ambapo pia unaruhusiwa, na njiani silaha iwe haina risasi, na silaha na risasi vyote viwe mbali na mkono wako. Kama chombo chako hakina buti iliyotengana na dereva, basi viwe ndani ya kasha lenye kufuli, na kidroo cha dashibodi au kisanduku cha katikati ya viti havihesabiki. Sasa jiulize: mzigo wako unashuka Newark, New Jersey, na Newark huruhusiwi. Ulinzi huo hauna.

Na hata anayepita tu, akisimama, anaweza kuupoteza. Mwaka 2005 msafiri kutoka Utah aliyekuwa akienda Pennsylvania alikosa usafiri wake wa kuunganisha Newark. Bastola yake ilikuwa imefungiwa kwenye begi kwa utaratibu wote. Akalala hotelini na begi lake. Asubuhi akarudi uwanja wa ndege, akaitangaza bastola kama sheria inavyotaka, akakamatwa. Alikaa rumande siku kadhaa. Mashtaka yalifutwa baadaye, akaishtaki mamlaka ya uwanja, na mwaka 2010 mahakama ya rufani ikamwambia kwamba kwa kuwa usiku ule begi lilikuwa mikononi mwake hotelini, sheria ya 1986 haikumlinda. Dereva anayelala kabini kwa sababu saa zake za kuendesha zimekwisha aifikirie kesi hiyo.

Nafika sasa kwenye jambo linaloninyima usingizi. Tusikilizane vizuri.

Raia akipatikana na hatia ya kubeba bastola bila kibali, analipa faini au anafungwa, kisha anarudi kwake. Wewe mwenye grinikadi, yaani mkaazi wa kudumu asiye raia, huenda usirudi kwako. Sheria ya uhamiaji inasema mtu yeyote asiye raia, akishaingia nchini, akipatikana na hatia chini ya sheria yoyote ya kununua, kuuza, kutumia, kumiliki au kubeba silaha ya moto isivyo halali, anaweza kufukuzwa nchini. Haisemi awe amempiga mtu. Kubeba tu kunatosha. Miaka uliyokaa hapa haikuondoi kwenye sheria hiyo, wala watoto waliozaliwa hapa, wala nyumba unayoilipia.

Na mtego wake uko mahakamani. Mwendesha mashtaka anakuja na ofa: kiri kosa, hutakwenda jela, utaripoti tu kila mwezi. Umechoka, lori limezuiliwa, bosi anapiga simu. Unasaini. Sahihi hiyo inaweza kuwa tiketi yako ya kurudishwa Bujumbura au Lubumbashi. Mwaka 2010 Mahakama Kuu ya Marekani ilitoa hukumu katika kesi ya Padilla. Alikuwa dereva wa lori kama ninyi, mzaliwa wa Honduras, mkaazi halali kwa zaidi ya miaka 40, na aliwahi kutumikia jeshi la Marekani wakati wa vita vya Vietnam. Kosa lake lilikuwa la bangi, lakini somo ni letu pia. Wakili wake alimwambia asihofu, amekaa hapa muda mrefu. Akakiri, akawekwa kwenye njia ya kufukuzwa. Mahakama ikasema wakili wa mashtaka ya jinai ana wajibu wa kumweleza mteja wake hatari ya kufukuzwa. Kwa hiyo swali lako la kwanza kwa wakili, kabla ya kuuliza faini ni kiasi gani, liwe hili: nikikiri, uhamiaji watanifanya nini?

Kuna mama ameuliza nani anaruhusiwa kuwa nayo. Mwenye grinikadi anaruhusiwa. Mkimbizi aliyepokelewa rasmi, sheria ya taifa haimkatazi. Aliye hapa bila hadhi halali, hapana. Mwenye viza ya muda, kama ya masomo au ya matembezi, hapana pia, isipokuwa kwa vipengele vichache kama leseni ya uwindaji. Na hapa kuna wema wetu unaotuponza: binamu ana viza ya masomo, anafanya kazi dukani usiku, anaogopa, anakuomba umnunulie. Fomu ya dukani, namba 4473, inakuuliza kama wewe ndiwe mnunuzi halisi. Ukijibu ndiyo huku unamnunulia yeye, umetenda kosa la jinai la taifa, na yeye ametenda lake. Mnyime. Kumnyima ndiko kumpenda.

Na akina baba, bila kuzunguka: hatia ya kumpiga mke, hata ikiwa ile ndogo isiyo na kifungo kirefu, inakuondolea haki ya silaha kwa sheria ya mwaka 1996. Amri ya mahakama ya kukuzuia kumkaribia pia, maadamu inadumu, na Mahakama Kuu ililithibitisha hilo mwaka 2024.

Wengine mmesikia kwamba mwaka 2022 Mahakama Kuu iliruhusu bastola nchi nzima. Sivyo. New York ilikuwa na sheria ya tangu 1911 iliyofikia kumtaka mwombaji aonyeshe sababu maalumu inayomtofautisha na watu wengine. Mahakama ikaiondoa sababu hiyo. Haikuondoa vibali. New York ikajibu kwa kudai saa 18 za mafunzo, wadhamini wanne wa tabia na mahojiano, na ikapiga marufuku bastola sehemu nyingi, Times Square ikiwemo. California inataka saa 16 na haitambui kibali cha nje hata kimoja. Illinois nayo haikitambui chetu, ingawa inamruhusu mgeni aliyehalalishwa kwao kuiacha ndani ya gari. Vermont haijawahi kuwa na kibali tangu iwepo. Nchi moja, na kila mlango una komeo lake.

La mwisho ni kusimamishwa na polisi. Tarehe 6 Julai 2016, Falcon Heights, Minnesota, Philando Castile alisimamishwa akiwa na mpenzi wake na mtoto wa miaka minne. Alikuwa na kibali halali. Alimweleza askari kwa adabu kwamba ana silaha. Sekunde chache baadaye alifyatuliwa risasi saba, tano zikampata, akafa. Askari alishtakiwa, na mwaka 2017 akaachiwa huru. Sisi ni Waafrika, ngozi yetu ni ile yake, na wengi wetu tuna lafudhi juu yake. Sitawadanganya kwamba kuna maneno yanayomlinda mtu kwa hakika. Ninachofundisha ni kile kinachopunguza hatari.

Leseni na bima vikae juu ya dashibodi tangu unapowasha gari, usije ukavitafuta mfukoni. Washa taa ya ndani. Mikono yote juu ya usukani, vidole vikionekana. Michigan inakutaka umwambie askari mara moja. Ohio, tangu 2022, inakutaka ujibu kweli ukiulizwa. Unaposema, anza na neno kibali. Lile neno la Kiingereza la bunduki lisitangulie, maana kwa lafudhi yetu, usiku, kando ya barabara, askari anaweza kulisikia hilo peke yake. Sema una kibali, sema silaha iko wapi, uliza afanye nini yeye, na mikono isitoke pale. Darasani nawafanyisha hivi kwa kiti na sahani ya plastiki kama usukani, na kila mara kuna mtu mzima, dereva wa miaka 20, ambaye mkono wake unateremka kwenda kiunoni anapolitaja jambo lenyewe. Hajui kama umeteremka. Tunarudia hata mara kumi.

Nimeona mkono. Ndiyo, kijana wangu.

Anasema ana mzigo wa Newark, anaondoka usiku huu, na bastola iko kwenye lori hapo nje. Una kibali? Huna. Unaishi wapi? Basi ni dakika 15 kutoka hapa. Pitia nyumbani kwanza, ifungie kwenye kasha, ufunguo mwachie mkeo. Mpigie simu dispacha, yule anayekupangia mizigo, sasa hivi umwambie utachelewa nusu saa. Sisi tunakusubiri upige, halafu nitajibu swali la mama pale nyuma.