Watu Sita, Kilo 260: Jinsi Sapa wa Uingereza Anavyofundishwa Kujenga Daraja

Ndugu walimu wa vyuo vya ufundi, wanafunzi, na nyote mliofika, asanteni.

Mada niliyopewa ni pana: mafunzo ya ufundi na uhandisi katika majeshi ya Uingereza. Wanamaji wana shule yao ya mitambo ya meli huko Gosport, HMS Sultan, ambayo licha ya jina hilo ni kambi ya nchi kavu. Jeshi la anga hufundisha mafundi wake wa ndege Cosford. Mafundi wa magari na silaha wa jeshi la nchi kavu, yaani REME, hufundishwa Lyneham. Kila shule ingetosha mhadhara wake. Mimi leo nitakaa na kikosi kimoja tu, Royal Engineers, yaani wahandisi wa jeshi la nchi kavu, na kazi moja tu, kujenga daraja la chuma la dharura. Nimelichagua daraja kwa sababu linaonyesha wazi jambo ninaloliamini kwa dhati: mafunzo mazuri ya ufundi huanza mapema kuliko darasani. Huanza mezani kwa mbunifu, pale anapomfikiria mtu atakayekishika kifaa chake.

Kikosi hiki kilijifunza kwa damu. Machi na Aprili 1812 jeshi la jenerali Wellington wa Uingereza liliuzingira mji wa Badajoz, Hispania. Maofisa wahandisi walikuwepo, wachache, lakini askari waliofunzwa kuchimba mahandaki na kulipua kuta hawakuwepo. Ikabidi askari wa kawaida wapande kuta kwa ngazi, na waliouawa na kujeruhiwa katika mazingiwa hayo walizidi 4,000. Mwaka huohuo shule ya uhandisi wa kijeshi ikaanzishwa Chatham, Kent, chini ya Charles Pasley. Pasley alikuwa na msimamo ambao wakati ule haukuwa wa kawaida: askari wa chini anaweza kufundishwa kusoma, hesabu, jiometri na kuchora ramani, na masajini wanaweza kuwafundisha wenzao kwa kufuata masomo yaliyopangwa hatua kwa hatua. Shule hiyo ingali Chatham mpaka leo.

Askari wa Royal Engineers huitwa sapa, na mafunzo yake yana tabaka tatu. Kwanza awe askari. Kisha awe mhandisi wa vita: madaraja, vilipuzi, mabomu ya ardhini, maji safi, sehemu hii hufundishwa Minley, Hampshire. Baada ya hapo ndipo anapewa fani, na hapo atarudi Chatham kuwa mwashi, seremala, fundi umeme, fundi bomba au mchomeleaji. Angalieni mpangilio huo. Fani ya mkono inakuja mwisho, mtu akiwa amekwisha kuzoea kufanya kazi ngumu na wenzake kwa amri moja.

Sasa tuje kwenye daraja lenyewe. Mbunifu wake, Donald Bailey, alikuwa mtumishi wa serikali asiye askari, akifanya kazi katika kituo cha majaribio ya madaraja huko Christchurch. Masharti ya kazi yake yalitokana na mwili wa mwanadamu na ukubwa wa lori: kila kipande kibebwe na watu sita bila winchi, na kiingie kwenye lori la tani 3. Kipande kikuu ni paneli, fremu ya chuma ya kuchomelea yenye urefu wa futi 10, yaani mita 3 hivi, na uzito wa ratili 570, karibu kilo 260. Ukigawa kwa watu sita, kila mmoja ana kilo 43 mkononi. Hiyo ndiyo hesabu iliyolizaa daraja.

Daraja la kwanza la Bailey vitani lilijengwa Tunisia, karibu na Medjez el Bab, Novemba 1942. Miaka miwili baadaye, askari wa Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, wengi wao vijana wa KAR (King's African Rifles, jeshi la kikoloni la Waingereza) kutoka Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland, waliteremka bonde la Kabaw kule Burma kwenye matope ya masika hadi Kalewa, wakashika ng'ambo ya mto Chindwin. Hapo, Desemba 1944, wahandisi wa jeshi wakajenga daraja la Bailey la kuelea lenye urefu wa futi 1,154. Babu zetu walilivuka.

Kila paneli ina masikio ya dume upande mmoja na ya jike upande wa pili. Unayakutanisha, unapitisha pini mbili, moja juu na moja chini, kisha kila pini inafungwa klipu ili isichomoke. Urefu wa paneli moja tuuite pingili. Kati ya ukuta wa paneli wa kushoto na wa kulia hupita boriti za kukingama. Kwenye daraja lenyewe huwa mbili kwa kila pingili. Boriti hushikwa na vibano. Mikono ya mshazari huzifunga paneli zisiinamie ndani wala nje, na nondo za msalaba kule chini huzuia daraja lisipinde kama msambamba. Juu ya boriti hukaa mihimili midogo, juu yake mbao za sakafu.

Nataka tuitazame pini hiyo kwa karibu, maana mwalimu wa daraja hutambulikana hapo. Kwenye kichwa cha pini umechongwa mfereji mdogo. Mfereji huo unakwenda sambamba na tundu la klipu lililo upande wa pili, mahali ambapo mpigaji nyundo hawezi kupaona. Mfereji ukilala mlalo, klipu itaingia. Ukisimama wima, chuma cha paneli kitaiziba klipu, na utalazimika kuirudisha pini nyuma na kuigeuza huku watu sita wameshikilia kilo 260. Mwanafunzi hufundishwa kuuangalia mfereji kabla ya kupiga nyundo ya kwanza. Usiku, taa zikiwa zimekatazwa, huupapasa kwa kidole gumba. Mbunifu aliyechonga mfereji ule alikwisha kumfundisha sapa nusu ya somo.

Kosa la hatari zaidi hapa ni kuingiza kidole kwenye tundu ili kujua kama matundu yamelingana. Paneli ikiteleza kidogo tu, kidole kimekatika. Kulinganisha matundu ni kazi ya chuma chenye ncha, kila mara, hata kama mtu ana uzoefu wa miaka.

Kosa lingine ni haraka ya spana. Mwanafunzi mwenye bidii hukaza bolti ya kwanza mpaka mwisho, halafu bolti ya tatu inakataa kuingia kwa sababu fremu imeshavutwa upande. Bolti zote za pingili huingizwa zikiwa zimelegea, pingili ikakaa sawa, ndipo zikazwe. Na zikazwe zote kabla daraja halijasukumwa, kwa kuwa likishaning'inia juu ya maji hakuna atakayezifikia kwa usalama.

Kusukuma ndiko hasa kunakohitaji akili. Daraja hujengwa lote upande wetu juu ya rola, kisha husukumwa kwa mikono au kwa lori hadi ng'ambo, bila kitu chochote kati. Mbele yake hutangulia pua, nayo ni paneli zilezile, lakini bila sakafu na kwa boriti moja tu kwa pingili, ili iwe nyepesi. Rola za ukingoni ni za kubembea, zenye kufuata mwinamo wa daraja. Za nyuma ni za kawaida, kila futi 25. Sharti ni moja: mpaka pua iguse rola za ng'ambo, uzito wa nyuma ya ukingo lazima uushinde uzito wa mbele.

Tufanye hesabu ya mezani kwa namba za mkato. Mwanya ni futi 60, kwa hiyo daraja lina pingili 6. Chukua pingili ya pua tani 1, na ya daraja, bila sakafu, tani 1.5. Pua ya pingili 4 inatosha? Pua inapokaribia ng'ambo, pingili 6 ziko hewani: 4 za pua na 2 za daraja. Zidisha kila uzito kwa umbali wa katikati yake kutoka ukingoni, ukipima kwa pingili. Mbele unapata 16 za pua na 3 za daraja, jumla 19. Nyuma zimebaki pingili 4 za daraja, nazo zinatoa 12. Daraja litaanguka mtoni. Ongeza pua iwe pingili 5: mbele 18.25, nyuma 18.75. Limesimama, ila kwa unywele. Watu wawili wakitembea juu ya pua kwenda kutazama ng'ambo, usawa umevunjika. Kwa hiyo weka sakafu ya tani 1 kwenye pingili ya mwisho kabisa nyuma. Hiyo peke yake inaongeza 4.5, na nyuma inakuwa 23.25. Mwanafunzi aliyefanya hesabu hii kwa mkono wake haambiwi mara mbili kwa nini hapandi kwenye pua.

Kuna jambo hesabu hiyo haionyeshi. Pua ndefu hulegea mbele, kwa uzito wake na kwa uchezaji mdogo wa kila pini, ikafika ng'ambo chini ya rola. Dawa yake ni viungo maalumu vya chuma, vinavyotiwa kati ya paneli kwenye mstari wa chini wa pua, ili ncha ielekee juu tangu mwanzo.

Likishafika, pua hufunguliwa na daraja hushushwa kwa jeki. Jeki ya seti hii hubeba tani 15 kichwani, lakini tani 7.5 tu kwenye kidole chake cha pembeni, na mara nyingi kidole ndicho kinachotumika. Asiyejua tofauti hiyo huivunja jeki akidhani iko ndani ya kipimo. Jeki zote za mwisho mmoja hushuka pamoja kwa amri ya mtu mmoja, kidogo kidogo, na mataruma yakiwa yamepangwa chini ya daraja karibu kabisa na chuma, ili jeki ikifeli daraja lishuke sentimita chache tu.

Uwezo wa kubeba hutokana na kurudia paneli zilezile. Ukuta mmoja kila upande ni daraja jepesi. Simamisha kuta mbili bega kwa bega, au panga ghorofa ya pili juu, na vipande vilevile vinabeba kifaru. Vizazi vya daraja hili, vikiwemo vya kampuni ya Mabey, vinatumika jeshini Uingereza mpaka leo, na wengi wenu mmevivuka Tanzania na Kenya mvua zilipokata barabara. Kwa hiyo haya ya mwisho yanawahusu moja kwa moja.

Baada ya magari machache ya kwanza kupita, daraja hukaguliwa upya. Mtikisiko hulegeza bolti na vibano, na ardhi chini ya sahani za miguu, yaani bamba za chuma zinazobeba ncha za daraja, hubonyea, mara nyingi upande mmoja zaidi. Mkaguzi hutembea na spana upande wa kushoto akienda na wa kulia akirudi: klipu ya kila pini, kibano cha kila boriti, nondo za msalaba, kisha sahani na udongo unaozizunguka, akitazama kama maji yameanza kuula ukingo. Mguu wa paneli uliogongwa na lori huangaliwa kwa kamba iliyonyooshwa, kwa sababu jicho halioni mpindo wa sentimita moja kwenye mita tatu. Paneli iliyopinda hutolewa. Hainyooshwi kwa nyundo na kurudishwa, na uzito ulioandikwa kwenye kibao kilichoko mlangoni hupunguzwa siku hiyohiyo mpaka nyingine ipatikane.