Reli kwa Macho ya Mtoto

Shikamooni wazee wetu. Walimu wenzangu, habari za jioni. Nanyi wanafunzi mliojibana pale mlangoni, hamjambo? Sogeeni, nafasi ipo huku mbele.

Mimi nimekulia Muheza, mkoani Tanga, karibu na stesheni. Treni ikisimama, tulikimbilia madirishani na mafungu ya machungwa. Abiria akishapokea fungu, ilikubidi uende sambamba na behewa mpaka atoe hela. Usipokuwa na mbio, machungwa yamekwenda na fedha hukuiona. Baadaye darasani nikafundishwa kwamba Wajerumani walianza kujenga reli ya Tanga mwaka 1893. Nikakariri, nikafaulu mtihani, na wala halikunijia wazo kwamba reli ya daftarini ndiyo ileile ya machungwa yangu.

Vitabu viwili ndivyo vilivyonifumbua macho, nikiwa mtu mzima.

Cha kwanza ni Peponi, riwaya ya Abdulrazak Gurnah, mwandishi mzaliwa wa Zanzibar, iliyotoka kwa Kiingereza mwaka 1994 na kutufikia kwa Kiswahili mwaka 2022, kwa tafsiri ya Ida Hadjivayanis. Yusuf ana miaka 12. Anaishi Kawa, mji uliochangamka pale Wajerumani walipoufanya bohari ya ujenzi wa reli. Reli iliposonga mbele, mji ukapoa. Baba yake ana hoteli isiyolipa. Siku moja mtoto anapandishwa treni pamoja na Aziz, tajiri wa misafara, ambaye yeye anamjua kama ami yake. Huko aendako, kijana mwenzake Khalil ndiye anayemfungua masikio: yule si ami, wewe umewekwa rehani kwa deni la baba yako.

Nimefundisha biashara ya misafara kwa miaka mingi. Pembe nilizifundisha, nguo, shanga, wapagazi. Deni sikuligusa hata siku moja. Na deni ndilo lililomtoa mtoto kwao! Najua wapo wenzangu wa somo la historia watakaosema riwaya si ushahidi. Sawa, Yusuf hakuzaliwa na mama. Lakini alinituma kwenda kuwauliza wazee swali ambalo vitabu vyangu vya kiada havikuniuliza.

Cha pili si riwaya. Ngũgĩ wa Thiong'o, mwandishi aliyezaliwa Limuru, Kenya, mwaka 1938, alichapisha kumbukumbu za utoto wake mwaka 2010. Reli iliyotoka Mombasa ilipita kwao, na Jumapili vijana walijipamba wakaenda stesheni kuitazama treni ya abiria, kama watu waendao harusini. Ukurasa huo niliusoma mara tatu, kwa sababu ndio sisi! Kisha inakuja hali ya hatari, iliyotangazwa na serikali ya kikoloni ya Waingereza dhidi ya Mau Mau, Oktoba 1952. Kaka yake anaingia msituni kupigana upande wa Mau Mau. Mwaka 1955 Ngũgĩ anachaguliwa kwenda shule ya sekondari ya Alliance, anafika stesheni na sanduku lake, anaambiwa hana kibali cha kusafiri. Wenzake wanaondoka. Yeye anabaki pale, mpaka mtu wa reli anapomwonea huruma na kumpakia kwenye treni ya mizigo.

Yaliyofuata ameyasimulia katika kitabu chake cha kumbukumbu kilichofuata, cha mwaka 2012: muhula ukaisha, akarudi nyumbani kwa likizo, asikute nyumba. Kijiji kizima kilikuwa kimebomolewa, watu wamehamishwa kwa nguvu. Somo la vijiji vya dharura, walikohamishiwa watu hao, ninaweza kulimaliza kwa dakika 40. Mvulana aliyeshika sanduku, anatafuta boma la mama yake asilione, huyo simmalizi.

Mtoto haambiwi sababu za mambo. Kwa hiyo hushika alichokiona: harufu, nani alilia, mlango upi ulifungwa. Mtu mzima akija kuandika, sababu huziongeza, na mara nyingi vile vitu vya mtoto huvitupa. Mimi mwenyewe nimevitupa. Nina daftari zima la historia ya Muheza, na ndani yake hamna chungwa hata moja.

Treni ya abiria ya Dar es Salaam hadi Moshi ilikaa miaka mingi bila kupita, ikarudi mwaka 2019. Waliozaliwa katikati hapo hawakuijua utotoni. Wanafunzi, nawaombeni mtoe madaftari sasa hivi. Pale safu ya mbele amekaa mzee aliyezaliwa kwenye nyumba za wafanyakazi wa reli. Nimemwomba asituelezee habari za serikali, atuambie tu asubuhi alikuwa akiamshwa na nini. Karibu mzee wangu, kipaza sauti hiki hapa.